Miungu ya vibonzo: Kutoka Thor wa Skandinavia hadi Ororo wa Kenya

MIUNGU ambayo mahekalu yake yaligeuka magofu karne nyingi zilizopita imepata makao mapya katika vitabu vya vibonzo. Thor wa Skandinavia, Zeus wa Wagiriki na Khonshu wa Misri ya kale wanajulikana leo na watoto wa Nairobi, Mumbai na São Paulo. Waliowafikisha huko si makuhani wala wahubiri. Ni kampuni mbili za Marekani, Marvel na DC, zilizowafanya kuwa wahusika katika hadithi za mashujaa wenye nguvu za ajabu.

Makala haya yanaeleza jinsi miungu hiyo ilivyoingia katika vibonzo, jinsi ilivyobadilishwa humo, na kwa nini baadhi yake huchorwa bila ya yeyote kunung'unika ilhali mingine huzua malalamiko na hata fatwa. Suala hilo linatuhusu sisi pia. Mmoja wa wahusika maarufu zaidi wa vibonzo hivyo alitambulishwa kwa wasomaji mnamo 1975 akiwa nchini Kenya, akiabudiwa na wanakijiji kama mungu wa mvua.

Jagina na mungu

Wanafunzi wa fasihi simulizi katika shule zetu hufundishwa kutofautisha mighani na visasili. Mighani husimulia matendo ya majagina kama vile Fumo Liyongo wa Waswahili na Lwanda Magere wa Waluo: watu waliojaliwa nguvu za kupita kiasi, lakini wenye siri moja inayoweza kuwaua. Visasili huenda mbali zaidi. Hueleza asili ya ulimwengu, chanzo cha kifo, na uhusiano wa binadamu na Muumba au miungu.

Vibonzo vya mashujaa vilianza kama mighani. Superman, aliyebuniwa na Jerry Siegel na Joe Shuster, wana wa wahamiaji wa Kiyahudi waliokulia Cleveland, alitokea mara ya kwanza katika jarida la Action Comics lenye tarehe ya Juni 1938. Ana nguvu zisizo na kifani, lakini amelelewa na wakulima, anafanya kazi katika gazeti, na baadaye akapewa udhaifu wake: madini ya sayari alikozaliwa. Huyo ni jagina, si mungu.

Kiswahili kina namna yake ya kuweka mpaka katika jambo hili. Mungu kwa herufi kubwa hana wingi, na upatanisho wake ni wa mwenye nafsi: Mungu anajua. Neno hilo likitiwa katika wingi, herufi kubwa huondoka, na aghalabu upatanisho huwa ule wa miti na milima: miungu inajua. Vibonzo vya Marekani, vilivyoandikiwa jamii yenye Wakristo wengi, vilijiwekea mpaka unaokaribiana na huo tangu mwanzo.

Mwezi mmoja, njia mbili

Mpaka huo unaonekana wazi katika majarida mawili yenye tarehe moja, Februari 1940.

La kwanza ni Whiz Comics, ambamo mwandishi Bill Parker na mchoraji C. C. Beck walimtambulisha Captain Marvel. Mvulana yatima aitwaye Billy Batson hutamka neno Shazam, radi ikapiga, naye akageuka mtu mzima mwenye uwezo mkubwa. Herufi sita za neno hilo kwa Kiingereza ni za majina sita: hekima ya Solomon, nguvu za Hercules, ustahimilivu wa Atlas, uwezo wa Zeus, ushujaa wa Achilles na kasi ya Mercury. Mfalme wa Biblia, ambaye Waislamu humheshimu kama Nabii Suleiman, aliwekwa foleni moja na miungu ya Wagiriki na Warumi, kila mmoja akichangia kipaji chake kama wachangiaji wa harambee.

La pili ni More Fun Comics, ambamo Jerry Siegel na mchoraji Bernard Baily walimleta Spectre. Mpelelezi Jim Corrigan anauawa na wahalifu, roho yake inafika mbele ya Sauti, naye anarudishwa duniani kuwaadhibu waovu. Sauti hiyo haina uso wala haiitwi kwa jina.

Basi Zeus alitajwa waziwazi na uwezo wake kutolewa kama mkopo, ilhali Yule anayeabudiwa na wasomaji alisikika tu. Kanuni hiyo ambayo haikuandikwa popote ilidumu kwa miongo mingi: mungu asiye na waumini ni mali ya msanii, mwenye waumini huguswa kwa tahadhari.

Mwaka uliofuata alizaliwa Wonder Woman. Alitokea katika toleo la nane la All Star Comics, lililochapishwa mwishoni mwa 1941. Mtunzi wake, William Moulton Marston, alikuwa mwanasaikolojia aliyejulikana pia kwa utafiti uliochangia mashine ya kutambua uongo. Aliamini kwamba wanawake wangeweza kuongoza dunia vyema kuliko wanaume, akawachagua miungu wa Wagiriki kuwa mashahidi wake. Malkia Hippolyta anafinyanga mtoto wa kike kwa udongo, na mungu wa kike wa mapenzi, Aphrodite, anampa uhai. Adui wao mkuu ni mungu wa vita. Kwa msomaji wa wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, maana haikuhitaji kufafanuliwa.

Hadithi hiyo ya asili imebadilishwa zaidi ya mara moja. Mnamo 1987, George Pérez aliisuka upya na kuipa miungu ya Olympus nafasi kubwa zaidi. Mnamo 2011, Brian Azzarello na Cliff Chiang waliuondoa udongo na kumfanya Wonder Woman kuwa binti wa Zeus kwa damu. Wapo waliolalamika kwamba mtoto aliyekuwa zao la wanawake watupu sasa alikuwa amepewa baba. Ni mabishano ya kithiolojia hasa, ijapokuwa dini yenyewe haina hekalu.

Thor: mungu aliyeandikwa na wasiomwabudu

Mungu aliyeleta mageuzi makubwa zaidi ni Thor. Alitokea katika toleo la 83 la Journey into Mystery, lenye tarehe ya Agosti 1962, kwa kazi ya Stan Lee, ndugu yake Larry Lieber, na mchoraji Jack Kirby. Lee alieleza baadaye kwamba baada ya kubuni Hulk, jitu lenye nguvu kuliko binadamu yeyote, aliona kwamba wa kumpita angekuwa mungu tu. Na kwa kuwa miungu ya Wagiriki na Warumi ilikuwa imezoeleka mno, akageukia Kaskazini.

Katika hadithi hiyo, daktari mlemavu wa mguu, Donald Blake, yuko likizoni nchini Norway. Akiwakimbia wavamizi kutoka anga za juu, anaingia pangoni na kuokota mkongojo. Anapoupiga chini, mkongojo unageuka nyundo naye anageuka Thor. Mnamo 1968 wasomaji walielezwa kwamba Blake hakuwahi kuwa mtu kamili: Odin, baba wa miungu, alikuwa amemvika mwanawe mwenye kiburi umbo la binadamu dhaifu ili ajifunze unyenyekevu.

Anayewajua Thor na jamaa zake kutoka visasili vya kale atatambua tofauti haraka. Thor wa kale alikuwa na ndevu nyekundu na alisafiri katika gari lililokokotwa na mbuzi wawili. Wa Marvel alichorwa bila ndevu, mwenye nywele za rangi ya dhahabu. Loki wa kale alikula kiapo cha udugu wa damu na Odin. Katika vibonzo amekuwa mwana wa kulea wa Odin na ndugu ya Thor, jambo lililoleta wivu wa kifamilia ambao ni uti wa mgongo wa hadithi nzima.

Tofauti yenye uzito zaidi imo katika nyundo. Katika shairi moja la kale la Iceland, jitu liitwalo Thrym linaiiba nyundo hiyo na kuificha, na Thor analazimika kuvishwa mavazi ya bibi harusi ili aikomboe. Mwizi mwenye nguvu za kutosha aliweza kuibeba. Katika vibonzo, nyundo haiinuki ila mbele ya anayestahili. Marvel ilichukua silaha na kuifanya mizani ya maadili. Mungu wa kale alihitaji nguvu. Huyu mpya anahitaji pia wema, na anaweza kuupoteza.

Je, huku ni kumkosea heshima mungu wa watu wengine? Jibu linahitaji historia. Mengi tunayojua kuhusu Thor yanatokana na maandishi ya Snorri Sturluson, msomi na mwanasiasa wa Iceland wa karne ya 13. Kufikia wakati wake, Iceland ilikuwa imekuwa nchi ya Kikristo kwa takriban miaka 200. Snorri mwenyewe alikuwa Mkristo, na aliandika ili washairi wasisahau hazina ya mafumbo ya lugha yao. Kwa hivyo Thor alikuwa tayari amesimuliwa na mtu asiyemwabudu miaka zaidi ya 700 kabla ya Lee na Kirby. Hata hivyo, Snorri alikuwa Muiceland, akiandika kwa lugha yake kuhusu imani ya mababu zake. Aliyajua majina yote. Isitoshe, mnamo 1972, miaka 10 baada ya Thor kuingia Marvel, kilianzishwa nchini Iceland chama cha wafuasi wa imani hiyo ya kale, na kikatambuliwa rasmi na serikali mwaka uliofuata. Mungu aliyedhaniwa kuwa ni wa makumbusho alikuwa na watu.

Jack Kirby na miungu mipya

Hakuna aliyeshughulika na miungu katika vibonzo kumpita Jack Kirby. Alizaliwa New York mnamo 1917 kwa jina la Jacob Kurtzberg, mwana wa wahamiaji wa Kiyahudi, na akapigana nchini Ufaransa kama askari wa miguu wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Alikuwa amemchora Mercury mnamo 1940, na Thor wa namna nyingine mnamo 1957, kabla ya kukutana na Thor wa Marvel.

Mnamo 1966, katika jarida la Fantastic Four, Kirby na Lee walimleta Galactus, kiumbe mkubwa anayekula sayari ili aishi. Galactus si mwovu wala si mwema. Ana njaa tu, na binadamu kwake ni kama mchwa. Mtumishi wake, Silver Surfer, anamwasi kwa kuwahurumia watu wa dunia. Wasomaji wengi waliona humo mwangwi wa hadithi za malaika aliyetupwa kutoka mbinguni, isipokuwa hapa anayeasi ndiye mwenye huruma.

Baada ya kutofautiana na Marvel, Kirby alihamia DC mnamo 1970 na kuanzisha majarida kadhaa yaliyosimulia kisa kimoja. La maarufu zaidi, New Gods, lilianza mnamo 1971. Miungu ya zamani imekufa katika vita, na sayari yao imepasuka vipande viwili: mmoja wa nuru, mwingine wa moto na moshi. Mtawala wa sayari ya moto ni Darkseid, anayetafuta fomula ya kuwapokonya viumbe wote hiari yao ili wasiwe na wazo ila lake. Aliyebuni mhusika huyo alikuwa Myahudi aliyepigana na majeshi ya Hitler. Hakuhitaji kukopa shetani kutoka kitabu chochote.

Mauzo hayakuridhisha, na New Gods ilisimamishwa mnamo 1972 baada ya matoleo 11. Darkseid amedumu hadi leo kama adui mkuu wa mashujaa wa DC.

Kirby alirejea Marvel na mnamo 1976 akaanzisha The Eternals. Humo alipendekeza kwamba miungu ya kale haikuwahi kuwepo: watu waliona viumbe wa jamii isiyozeeka, iliyoundwa na wageni wakubwa kutoka anga za juu, wakawadhania miungu. Zuras alidhaniwa kuwa Zeus, Thena akadhaniwa kuwa Athena, Makkari akadhaniwa kuwa Mercury. Mawazo ya namna hiyo yalikuwa yametapakaa miaka hiyo. Filamu iliyotokana na kazi hiyo ilitolewa mnamo 2021.

Aliye juu ya yote

Kampuni iliyojaza kurasa zake miungu ya kila taifa ilipaswa kujibu swali moja: nani aliye juu yao? Marvel na DC zilijibu kwa namna moja. Juu ya Odin, Zeus na wengineo wote yuko Mmoja, asiyetajwa ila mara chache, na ambaye hapigani ngumi na mtu. Kwa njia hiyo mzazi Mkristo au Myahudi aliweza kumnunulia mwanawe jarida la Thor bila ya kuhisi kwamba amri ya kwanza imevunjwa.

Mara moja Marvel ilithubutu kufungua pazia. Katika toleo la 511 la Fantastic Four, la mwaka wa 2004, mwandishi Mark Waid na mchoraji Mike Wieringo waliwapeleka mashujaa wanne hadi mbinguni, ambako walimkuta Muumba wao akiwa ameketi kwenye meza ya kuchorea, penseli mkononi. Sura ni ya Jack Kirby, aliyefariki mnamo 1994. Ulikuwa mzaha na maombolezo kwa pamoja. Kwa wahusika wa karatasi, muumba ni mchoraji kweli.

Miungu yenye waumini

Mambo huwa tofauti pale ambapo anayechorwa ana watu wanaomswalia, wanaofunga kwa ajili yake au wanaokesha wakimwimbia.

Mnamo 2019, kitengo cha DC kiitwacho Vertigo kilikuwa karibu kuchapisha Second Coming, kazi ya mwandishi Mark Russell na mchoraji Richard Pace, ambamo Yesu anarudi duniani na kuishi nyumba moja na shujaa mwenye nguvu za ajabu. Ombi la kupinga uchapishaji huo lilikusanya saini zaidi ya 200,000. DC ikaachana na mradi, haki zikarudishwa kwa wenye kazi, na kampuni ndogo ya Ahoy ikauchapisha mwaka huohuo.

Kwa upande wa Uislamu, mwanasaikolojia wa Kuwait, Naif al-Mutawa, alianzisha The 99 mnamo 2006. Mashujaa wake wanapata nguvu kutoka vito vilivyohifadhi elimu ya maktaba ya Baghdad iliyoteketezwa na Wamongolia mnamo 1258, na kila mmoja anawakilisha sifa moja kati ya majina 99 ya Mwenyezi Mungu. Mwandishi alichukua tahadhari: hakumchora Mungu wala Mtume, wala hakuna mhusika anayeabudiwa. Hata hivyo, mnamo 2014 Mufti Mkuu wa Saudi Arabia alitoa fatwa ya kulaani kazi hiyo. Wapinzani waliona kwamba kumvika kijana wa kubuni sifa ya Mwenyezi Mungu ni kuvuka mpaka. Watetezi waliona kwamba ukarimu, hekima na rehema ni sifa ambazo binadamu ameagizwa azifuate.

Wahindu nao wana kisa chao. Katika filamu ya Black Panther ya 2018, kabila moja la milimani katika nchi ya kubuni ya Wakanda humsifu Hanuman, mungu wa Kihindu mwenye umbo la tumbili ambaye anaabudiwa na mamilioni ya watu. Filamu ilipooneshwa nchini India, jina hilo lilinyamazishwa.

Visa hivyo vitatu vinaonyesha jambo moja. Waumini walikuwepo, walikuwa na sauti, na kampuni zililazimika kusikiliza, ziwe zilikubaliana nao au la. Mtu anaweza kuwaunga mkono au kuwapinga. Asichoweza kusema ni kwamba hawakuonekana.

Mungu wa mvua nchini Kenya

Hapo ndipo tunapomfikia Ororo. Jarida la Giant-Size X-Men, toleo la kwanza, lenye tarehe ya Mei 1975, liliandikwa na Len Wein na kuchorwa na Dave Cockrum. Katika kurasa zake za mwanzo, wanakijiji nchini Kenya wanamlilia mungu wao wa kike awaondolee ukame. Msichana mwenye ngozi nyeusi, nywele nyeupe na macho ya buluu anainua mikono, na mvua inanyesha. Kisha anatokea Profesa Xavier kutoka Marekani na kumweleza kwamba yeye si mungu. Ni mwanadamu aliyezaliwa na badiliko la jeni, na anahitajika kwingine. Ororo anakubali, anapewa jina la Storm, na kuondoka.

Historia yake ilijazwa baadaye, hususan na Chris Claremont mnamo 1976. Alizaliwa New York, baba akiwa mwanahabari Mmarekani na mama akiwa binti wa ukoo wa kifalme kutoka Kenya. Alilelewa Cairo, akabaki yatima baada ya ndege kuangukia nyumba yao, kisha akatembea kuvuka Sahara hadi nyanda za Serengeti. Vibonzo hudai kwamba jina lake lina maana ya urembo. Msikilizaji wa Kiswahili husikia jingine lililo karibu: -ororo, yaani laini, kama katika ngozi nyororo.

Storm alistahili sifa alizopata. Alikuwa miongoni mwa wanawake weusi wa kwanza kupewa nafasi kubwa katika vibonzo vya Marekani, na baadaye akawa kiongozi wa X-Men, bila ya kuwa kijakazi wala kichekesho cha mtu. Tangu mwaka wa 2000, filamu zilimfikisha kwa hadhira kubwa zaidi.

Lakini waliombwa mvua ni akina nani? Katika kurasa hizo, watu wanaopiga magoti hawana kabila, lugha wala jina la dini yao. Thor alipoletwa, pamoja naye walikuja Odin, Loki, Asgard na daraja la upinde wa mvua. Wonder Woman aliandamana na Olympus nzima. Kenya ilitoa ukame na umati.

Haikuwa kwa kukosa mahali pa kuuliza. Mnamo 1938, mwaka uleule aliozaliwa Superman, Jomo Kenyatta alikuwa amechapisha jijini London kitabu kinachoeleza jinsi wazee wa Agikuyu walivyomtolea Ngai kafara ya mwanakondoo wakati wa ukame. John Mbiti, mzaliwa wa Kenya, alikuwa ametoa mnamo 1970 kitabu kilichokusanya mafunzo kuhusu Mungu kutoka jamii za Kiafrika zipatazo 300. Okot p'Bitek wa Uganda alikuwa amewakosoa vikali wasomi wanaoieleza miungu ya Afrika kwa vipimo vya Wagiriki. Mjadala ulikuwa umepamba moto, na ulikuwa wa Kiingereza.

Msanii ambaye angeusoma angegundua jambo lenye manufaa kwa hadithi yake. Katika jamii nyingi za nchi hii, anayeleta mvua si mungu. Wamaasai husema juu ya Enkai mweusi, mwenye neema na mvua, na Enkai mwekundu, mwenye hasira na kiangazi. Agikuyu walielekeza maombi Kirinyaga, yaani Mlima Kenya. Binadamu anayehusika na mvua ni mwombezi au mtaalamu. Ukoo wa Nganyi wa Bunyore, katika Kaunti ya Vihiga, umejulikana kwa vizazi kadhaa kwa kusoma dalili za wadudu, ndege, miti na upepo, na katika karne hii wazee wake wameshirikiana na wanasayansi wa hali ya hewa kuwatayarishia wakulima utabiri. Hakuna anayewapigia magoti. Kijiji cha Kenya ambacho kingemwona msichana mwenye uwezo juu ya mawingu kingemheshimu, pengine kingemwogopa; lakini kingejua kutofautisha mwenye kipaji na Mwenye kumpa. Profesa Xavier hakuwa na habari mpya ya kuwapa.

Wakanda na baada yake

Marvel ilikuwa tayari na Wakanda, nchi ya Black Panther, iliyobuniwa na Lee na Kirby katika toleo la 52 la Fantastic Four mnamo Julai 1966. Mungu wake chui alikuja kutambulishwa kama Bast, mungu wa kike wa Misri ya kale. Uchaguzi huo unaeleweka: Misri ina mahekalu na maandishi, na waabudu wake wa kale hawapo kulalamika. Kwa sababu hiyohiyo, Khonshu, mungu wa mwezi, ndiye aliyepewa Moon Knight, mhusika aliyeanza mnamo 1975 na kupata mfululizo wa televisheni mnamo 2022 chini ya mwongozaji Mmisri, Mohamed Diab.

Mwandishi Ta-Nehisi Coates, aliyeshika Black Panther mnamo 2016, aliipanua dini ya Wakanda. Mwaka uliofuata aliipa miungu yake jina la pamoja la Orisha, neno la Wayoruba, na kuwaweka pamoja Bast, Thoth na Ptah wa Misri, Kokou wa Afrika Magharibi, na Mujaji, jina linalomkumbusha msomaji Modjadji, malkia wa mvua wa Balobedu nchini Afrika Kusini. Ni mchanganyiko wa pande zote za bara, lakini angalau majina yapo. Katika kisa hicho miungu imenyamaza, watu wanaomba bila ya kujibiwa, na Ororo anarejea akitiwa nguvu na imani ya wanaomwamini. Alichokanushiwa mnamo 1975 kinachukuliwa kwa uzito.

Kwingineko, wenye miungu wameanza kuichora wenyewe. Nchini Brazil, Hugo Canuto alianza mnamo 2016 kuwachora Orisha kwa mtindo wa Kirby, kutoka dini ambayo bado ina wafuasi wengi nchini humo.

Je, mungu anastahili?

Swali zito zaidi katika fani hii liliulizwa na Jason Aaron na mchoraji Esad Ribić mwishoni mwa 2012. Mhusika wao, Gorr, ni baba aliyeomba maisha yake yote huku njaa ikiwamaliza watoto wake. Alipogundua kwamba miungu ipo na haikujali, alianza kuiua mmoja baada ya mwingine. Thor alimshinda. Mnamo 2014, hata hivyo, Thor alinong'onezwa maneno machache akashindwa kuinua nyundo yake. Ikaokotwa na Jane Foster, mwanamke aliyekuwa akiugua saratani. Wasomaji walingoja hadi 2017 kujua maneno hayo: Gorr alikuwa amesema kweli.

Hadithi kama hiyo iliwezekana kwa sababu Thor ana historia ndefu, jamaa, majina na deni la maadili. Mungu asiye na jina hawezi kuulizwa swali zito kiasi hicho. Anaweza tu kuleta mvua na kuondoka. Wazee wanaojua Ngai, Enkai, Asis na Nyasaye waliitwaje, na waliombwaje, bado wapo katika vijiji vyetu, na vijana wenye kalamu za kuchorea wapo katika miji yetu. Umbali kati yao ni nauli ya matatu.